Ng'ambo ya Ziwa Lilelile

Masomo ya kutafakari: Marko 6:30–34, Zaburi 23

Asubuhi za Julai hapa Kiirua, ukitoka nje kabla jua halijapanda, Kirimaara huwa wazi. Unauona mlima mzima, kuanzia utepe mweusi wa msitu hadi vilele vya mawe. Ikifika saa tatu ukungu umeshaufunika. Ndiyo maana wengi wetu hatuuoni. Wakati mlima uko wazi, sisi tumeinama: huyu anatafuta gambuti, yule anakama, mwingine anakimbilia matatu ya Meru mjini. Tukija kunyoosha mgongo, mlima umekwisha kujifunga shuka.

Wiki mbili zilizopita kijana mmoja wa darasa la kipaimara alinikuta nimesimama nje ya sakristia nikiutazama. Akaniuliza, "Padre, umeshafika kule?" Nikamwambia bado. "Na Nkunga je?" Nako bado. Akanyamaza kidogo, kama mtu anayepiga hesabu, kisha akasema kwa upole, "Lakini Roma ulifika."

Nilicheka naye, nikaingia kuvaa kwa ajili ya misa. Ila neno lile halikubaki nje ya mlango. Nilipanda nalo altareni.

Shule zinakaribia kufungwa. Katika nyumba nyingi swali la watoto limeanza: likizo hii tunaenda wapi? Ni swali zuri, lakini siku hizi limekuwa na uchungu ndani yake. Mtoto ameona kwenye simu picha za jirani wakiwa Mombasa, wamevaa miwani ya jua, nyuma yao bahari. Baba anajikuna kichwa. Mama anafungua simu, na ile simu iliyoonyesha picha ndiyo hiyohiyo inayotoa mkopo.

Mama mmoja wa jumuiya zetu alinisimulia safari yao ya Desemba na kuniruhusu niisimulie bila jina. Walikaa pwani siku nne. Deni lake walililipa mpaka mwezi wa sita, na karo ya muhula wa kwanza ilichelewa. Nilimuuliza kama walau walifurahi. Akafikiri, akanijibu: "Padre, bahari niliiona, lakini nilikuwa naihesabu." Kila chupa ya soda, kila picha ya ngamia, kila tuktuk ya kurudi chumbani ilikuwa tarakimu. Alikwenda kupumzika, akarudi amechoka zaidi ya alivyokwenda.

Simlaumu. Bahari ni kazi ya mikono ya Mungu, na mwenye uwezo wa kuifikia aende, ashukuru. Ninachouliza ni kitu kingine: nani alitufundisha kwamba pumziko linapimwa kwa kilomita?

Mashua ile, ziwa lile

Turudi kwenye Injili. Mitume wamerudi kutoka kazini. Yesu alikuwa amewatuma wawili wawili vijijini, nao wanamsimulia yote waliyotenda na kufundisha. Tukisoma haraka tunaona furaha peke yake. Lakini hebu fungueni aya zinazotangulia hapo: Marko ametoka kusimulia jinsi Yohane Mbatizaji alivyokatwa kichwa na mwili wake kuzikwa. Kwa hiyo watu hawa wamechoka kwa kazi, na mioyo yao ina msiba. Juu ya hayo, watu wanaingia na kutoka bila kukoma, hata mitume hawapati nafasi ya kula.

Yesu anaona. Hawaambii wajikaze, wala hawapi semina nyingine. Anawaita waende naye kando, mahali pa faragha, wapumzike kidogo. Wanapanda mashua, wanakwenda.

Wanakwenda wapi? Hapa ndipo nilipokwama wiki hii. Ziwa la Galilaya si kubwa. Urefu wake ni kama kilomita 21, na upana wake, hata pale linapotanuka zaidi, ni kama kilomita 13. Siku isiyo na ukungu, mtu aliyesimama ufukweni anaiona ng'ambo. Tena hilo ni ziwa lilelile ambamo Petro na Andrea walikuwa wakitupa nyavu, na Yakobo na Yohane wakizitengeneza. Ni pahali pao pa kazi. Walilijua kama mkulima wa Kiirua anavyojua mitaro ya viazi vyake. Yesu hakuwaahidi Roma wala Aleksandria. Aliwapumzisha kwenye maji yaleyale yaliyokuwa yakiwachosha.

Kilichobadilika ni vitu viwili tu. Safari hii hawakwenda kuvua. Na mwenzao wa safari alikuwa Yesu.

Wazee wa Kiswahili walisema fimbo ya mbali haiui nyoka. Uchovu ni nyoka aliye mlangoni. Ukingoja hadi upate fedha za safari ya mbali ndipo umpige, atakuwa ameshakuuma mara kumi. Mapumziko yatakayokufaa ni yale unayoweza kuyafikia Jumamosi hii, na ukayarudia mwezi ujao.

Nkunga, na nyanya aliyekuja nasi

Baada ya kusutwa na mtoto wa kipaimara, niliomba jumuiya moja tutoke pamoja. Tulikodi matatu moja, tukaenda Nkunga. Wasiopajua: ni ziwa dogo la mviringo, limekaa ndani ya shimo la volkano ya kale katika msitu wa Mlima Kenya, si mbali na barabara kuu ya Meru kwenda Nanyuki. Sehemu kubwa imefunikwa na majani ya majini, kwa hiyo ukifika mara ya kwanza unaweza kudhani ni uwanja wa malisho, mpaka ndege atue, na hapo alipotua paanze kutikisika. Wazee wa Kimeru walipaheshimu tangu zamani kama mahali patakatifu. Ndovu nao wanapajua. Tulionyeshwa kinyesi kikubwa kilichokuwa hakijakauka, na watoto wakaacha makelele bila kuambiwa.

Chakula kilikuwa githeri, chapati na chai ya chupa. Hapakuwa na mtu wa kutuuzia kitu, basi mama wa hadithi ya bahari hakuwa na cha kuhesabu.

Tulikuwa na nyanya mmoja aliyepita miaka 80. Pwani asingeweza kwenda. Magoti yake hayakubali safari ya siku nzima ndani ya basi. Nkunga alifika, kwa sababu ni karibu, na kwa sababu vijana wawili walimshika mikono. Alikaa juu ya leso yake akitazama miti, kimya. Kisha akaanza kusema bila kuulizwa. Alituambia kwamba alipokuwa msichana mdogo, msitu ulikuwa kitu cha kuogopwa. Ilikuwa miaka ya Hali ya Hatari, iliyotangazwa Oktoba 1952. Msitu wa mlima ulipigwa marufuku, watu wakakusanywa katika vijiji vilivyozungushiwa uzio, akina mama wakachimbishwa handaki pembezoni mwa msitu ili wapiganaji wasipate chakula. Ndege za Waingereza zilidondosha mabomu huko juu. "Sisi watoto tulisikia mlio," alisema, "tukaambiwa tusiulize ni nani wako huko."

Walioko huko walikuwa ndugu za watu. Field Marshal Musa Mwariama, mwana wa Meru, alikaa msituni na wapiganaji wake mpaka uhuru wa 1963. Kwa kizazi cha nyanya yule, kwenda msituni hakukuwa likizo. Na baadaye, amani iliporudi, msitu ukabaki mahali pa kuni, pa askari, au pa wageni wenye vifaa vya gharama.

Nyanya alimalizia hivi: "Leo ndiyo mara yangu ya kwanza kukaa hapa bila kubeba kitu."

Ndugu zangu, Zaburi ya 23 tunaiimba kwenye mazishi hadi tunasahau kwamba imeandikwa kwa ajili ya walio hai. Inamtaja mchungaji anayemlaza kondoo penye majani mabichi na kumwongoza kando ya maji ya utulivu. Mimi nimeieleza zaburi hiyo mara nyingi mimbarini. Siku ile nilimwona mtu ambaye imemtimilia, akiwa amenyoosha miguu kwenye leso.

Na hapa iko faida ya kwanza ya mapumziko ya karibu, ambayo naiona kuwa ya Kibiblia kabisa. Soma Kumbukumbu la Torati 5:14. Amri ya Sabato haimpumzishi mwenye nyumba peke yake. Inamtaja mtumishi wa kiume na wa kike, ng'ombe, punda, hata mgeni aliye ndani ya malango. Safari ya mbali hupunguza watu: nauli ni ghali, basi nyanya anabaki, binti anayetusaidia nyumbani anaachwa alinde mlango, kijana wa ng'ombe hafikiriwi kabisa. Safari ya karibu huongeza watu. Matatu moja ilitubeba sisi, nyanya, yule binti, na sufuria ya githeri. Kama pumziko lako linamchosha mtu mwingine, bado halijawa Sabato.

Waliotazama mlima kupitia waya

Faida ya pili ni kwamba tunafundishwa upya kuona. Mgeni njoo, mwenyeji apone, walisema wahenga. Mara nyingine mgeni huponya macho ya mwenyeji.

Kufikia mwaka 1943, kule Nanyuki, palikuwa na kambi ya wafungwa wa vita Waitaliano. Mmoja wao aliitwa Felice Benuzzi. Siku moja mawingu yalipasuka akauona mlima kupitia nyaya za kambi, na tangu hapo hakutulia. Yeye na wenzake wawili, Giovanni Balletto na Vincenzo Barsotti, walishona nguo za baridi na kufua vifaa vya kupandia kwa vyuma chakavu. Ramani hawakuwa nayo. Walichokuwa nacho ni picha ya mlima kwenye karatasi ya mkebe wa nyama. Mwezi wa Januari mwaka huo walitoroka, wakapanda. Batian, kilele kirefu kuliko vyote chenye mita 5,199, kiliwashinda. Lakini Benuzzi na Balletto walifika Lenana, mita 4,985, wakasimika bendera. Halafu wakafanya jambo ambalo hadi leo linawashangaza watu: walishuka, wakarudi kambini wenyewe, baada ya siku 18. Walihukumiwa siku 28 za kifungo cha peke yao. Mkuu wa kambi, kwa kuwastahi, akawafungulia baada ya siku saba.

Hawakutoroka ili wafike kwao. Walijua vita ingali inaendelea na hakuna pa kwenda. Walitoroka kwa sababu siku za kambini zilikuwa zinafanana zote, na roho ilikuwa inakufa. Mlima uliwarudishia hamu ya kuishi, kisha wakaweza kuvumilia waya uleule.

Nawawaza mara nyingi wanaume wale watatu. Waliukuta mlima wetu wakiwa wafungwa, wakaona unastahili kifungo cha ziada. Sisi tuko huru, mlima uko upande wa pili wa mashamba yetu, na tunasema hakuna pa kwenda.

Chukua mfano mwingine ulio chini ya miguu yetu, kwa maana halisi. Ukipanda matatu kwenda Nanyuki, ukipita upande wa Timau, kuna mahali barabara inapita juu ya njia ya ndovu. Ilifunguliwa mwanzoni mwa 2011. Ni sehemu ya ushoroba wa kilomita 14 unaounganisha msitu wa Mlima Kenya na msitu wa Ngare Ndare pamoja na hifadhi ya Lewa. Magari yanapita juu, ndovu wanapita chini, wala hawagombani. Mwaka 2013 UNESCO iliongeza Lewa na Ngare Ndare kwenye urithi wa dunia wa Mlima Kenya, uliokuwa umeorodheshwa tangu 1997. Watu wanavuka bahari kuja kuona hayo. Mimi nilikuwa nimepita juu ya daraja lile nisijue idadi ya safari, nikisinzia, kichwa kwenye kioo.

Jina lenye weupe

Faida ya tatu: tunachokijua ndicho tunachokilinda. Sisi Wameru tunauita mlima Kirimaara, jina linalobeba weupe wa theluji yake. Mwishoni mwa karne ya 19 palikuwa na mito 18 ya barafu huko juu. Mingi imetoweka, na ule mkubwa ulioitwa Lewis umebaki vipande. Mtoto anayebatizwa Kiirua mwaka huu huenda akarithi jina bila weupe wenyewe.

Unaweza kumweleza mtoto jambo hili darasani akakariri kwa ajili ya mtihani. Lakini mtoto aliyetembea hadi kwenye kijito msituni, akachovya mkono akautoa haraka kwa baridi, kisha akaambiwa kwamba maji haya ndiyo yanayoshuka mpaka kwenye mfereji wa shamba la baba yake, huyo hahitaji kukaririshwa. Siku akikua na kuona mtu anakata mti kando ya chemchemi, atahisi ameguswa yeye.

Hayati Papa Fransisko, katika waraka wake Laudato si' wa Mei 2015, aliiita dunia nyumba yetu ya pamoja. Ni vigumu kuipenda nyumba ambayo hujawahi kuingia vyumba vyake. Wengi wetu tunaishi sebuleni tu: njia ya shamba, njia ya soko, njia ya kanisa.

Mtakatifu mwenye kamba ya kupandia

Huenda mtu akaona padre anawapeleka watu matembezini badala ya sala. Nimjibu kwa kumkumbusha mji wa Torino, Italia. Huko ndiko Yosefu Allamano alikoanzisha shirika la Wamisionari wa Konsolata mwaka 1901, na mwaka uliofuata wakafika Kenya. Imani ya Kikatoliki katika Meru ilipandwa na mikono yao. Allamano alitangazwa mtakatifu Oktoba 2024. Mwaka uliofuata, Septemba 2025, akatangazwa mtakatifu mwana wa mji huohuo, Pier Giorgio Frassati.

Frassati alizaliwa 1901 katika nyumba ya kitajiri. Baba yake alikuwa mwenye gazeti, baadaye akawa balozi Ujerumani. Kijana huyu angeweza kustarehe popote Ulaya. Alichopenda ni milima iliyo karibu na kwao, pamoja na marafiki, wakiimba, wakisali rozari njiani, wakitaniana. Na siku za kazi alikuwa akipanda ngazi nyingine, za nyumba za maskini, amebeba chakula na dawa. Mara nyingine alitoa hata nauli yake akarudi nyumbani kwa miguu. Alifariki 1925, ana miaka 24, kwa ugonjwa wa kupooza. Maskini waliofurika mazishini ndio waliowashtua wazazi wake: hawakujua mtoto wao alikuwa nani.

Kwake yeye mlima na maskini havikushindana. Aliyepumzika vizuri na Mungu alikuwa na nguvu za kumwona mtu.

Ya kufanya likizo hii

Niseme mambo machache ya kawaida, maana tafakari isiyokuwa na miguu haitoki kanisani.

Familia yenye watoto wadogo, anzeni na Nkunga, au kilima chochote kilicho jirani ambacho mtapata ruhusa ya mwenye shamba. Wenye watoto wakubwa kidogo, Ngare Ndare ina daraja la kamba na waya linalopita juu katikati ya matawi, urefu wake mita 450, na huko chini kuna madimbwi ya maji ya buluu chini ya maporomoko. Msitu ule unaendeshwa pamoja na jamii zinazouzunguka, kwa hiyo kiingilio chako hakipotei mbali. Vijana wenye mapafu wanaweza kuingia lango la Sirimon, lililo mita 2,650, watembee kama kilomita tisa hadi kambi ya Old Moses, mita 3,300, na kurudi. Hapo hutakuwa umefika Lenana, wala huhitaji kufika. Na ukiumwa kichwa na kusikia kichefuchefu huko juu, usione haya: shuka. Mlima hauna hasira na anayerudi.

Usiingie msituni bila askari au kiongozi. Nyati hajui kwamba umekuja kutafakari. Bebeni sweta hata kama asubuhi kuna jua. Chupa za plastiki za kutumia mara moja zimepigwa marufuku kwenye mbuga na misitu yetu tangu Juni 2020, basi jazeni maji kwenye vibuyu au chupa za kudumu. Na simu, ikiwezekana, iwe moja tu kwa kikundi kizima, ya dharura.

Neno kwa wenye mashamba na waajiri. Kuna watu katika parokia hii ambao wako nje mchana kutwa, wanang'oa viazi na kubeba magunia ya wengine. Ukimwambia mtu huyo habari za faida ya hewa safi atakutazama tu. Kwake pumziko ni siku yenye malipo ambayo hakuamshwa alfajiri. Mpe. Hiyo ndiyo tafakari yako ya wiki hii, huna haja ya nyingine.

Pumziko lililokatizwa

Bado kuna jambo moja katika Injili ambalo ningependa kulikwepa, lakini halikwepeki. Mpango wa Yesu haukufaulu. Watu waliwaona wakiondoka, wakakimbia kwa miguu kuzunguka ziwa, wakatangulia kufika. Mashua ilipogusa ufuko, umati ulikuwa umeshapanga foleni. Ukaribu una gharama yake: ukipumzika jirani na kwenu, wanaokuhitaji wanakujua, na watakufuata. Hata Nkunga, tulipokuwa tukikunja leso, simu ile moja ya dharura ililia. Palikuwa na mgonjwa aliyetaka Mpako.

Kwa hiyo pumziko la mitume, ukilihesabu vizuri, lilikuwa ni ule mwendo wa mashua peke yake. Saa chache za kusikia maji yakigonga ubao, pamoja na Bwana, bila mtu kuwavuta kanzu. Basi. Lakini tazama kilichofuata. Yesu aliposhuka na kuuona umati, hakukasirika. Aliwahurumia, kwa kuwa walikuwa kama kondoo wasio na mchungaji, akaanza kuwafundisha. Aya chache mbele anawaketisha watu wote kwenye majani mabichi na kuwalisha. Marko, ambaye Injili yake ni fupi kuliko za wenzake, hakusahau kutaja kwamba majani yale yalikuwa mabichi. Faragha iliyokusudiwa wachache ikageuka malisho ya maelfu.

Nilikwenda kwa mgonjwa yule jioni hiyo nikiwa na matope ya Nkunga kwenye viatu. Huwa nafika kwa wagonjwa nikiwa na haraka, naangalia saa, nasema maneno ya kitabu na kuondoka. Siku ile nilivuta kiti. Aliniuliza nimetoka wapi na matope yale. Nikamweleza ziwa, ndege, nyanya na leso. Akafumba macho, akatabasamu, akasema alikuwa akipita huko zamani na mbuzi. Tulikaa naye kule Nkunga kwa muda, yeye akiwa kitandani.

Darasa la kipaimara litaingia Sirimon wiki ya pili baada ya shule kufungwa, tukijaliwa. Yule kijana ameshajiandikisha wa kwanza, na jina langu ameliandika wa pili bila kuniuliza. Kando yake ameongeza kwa kalamu: *sweta*.

Sala

Ee Bwana, uliyewapeleka rafiki zako kando katika mashua yao wenyewe, utuonyeshe ng'ambo iliyo karibu nasi. Utuondolee aibu ya kutokwenda mbali, na uvivu wa kutotazama. Uwape pumziko wanaobeba mizigo yetu. Na tukikatizwa, utukute tumejaa huruma kiasi cha kuwatosha wanaotungoja ufukoni. Kwa Kristo Bwana wetu. Amina.